Kengele ya moshi na saa ambayo kurani (umeme) inarudi

Mama mmoja wa mtaa wa Bel-Air aliniita nimwangalizie kengele ya moshi iliyokuwa inamsumbua kwa kulia "pii" kila baada ya dakika moja. Ilikuwa kengele nzuri, ya kuungwa kwenye umeme, imefungwa katikati ya dari ya korido, na taa yake ndogo ya kijani inawaka. Nilimwomba azime taa ya korido kama anavyofanya kila usiku akienda kulala. Akabonyeza swichi. Taa ya kijani nayo ikazimika.

Fundi aliyeifunga alikuwa amechukua waya wa moto, yaani ule unaoleta umeme, baada ya swichi badala ya kabla yake. Kwa hiyo kila usiku, familia ikilala, kengele ilikuwa inakatiwa umeme. Nikaiteremsha na kuifungua: betri ya akiba haimo. Kijana wa nyumbani aliitoa akidhani ndiyo inayolia, kisha ikaishia kwenye mikrofoni ya kwaya. Ile "pii" ilikuwa kengele inaomba betri yake. Watoto watatu walikuwa wanalala milango miwili kutoka hapo.

Ninafundisha umeme wa majumbani, na kosa hili nimeliona mara nyingi mno hapa Lubumbashi. Tunafunga kengele kana kwamba umeme upo saa zote, ilhali sisi tunaishi na delestaji, yaani mgao wa umeme. Fikiria jioni ya kawaida. Umeme unakatika saa mbili usiku, pasi ikiwa kwenye soketi, jiko la umeme likiwa limewashwa, chuma cha kuchemshia maji kikiwa ndani ya ndoo. Watu wanachoka kungoja, wanalala. Saa nane usiku kurani inarudi, pengine kwa nguvu isiyo ya kawaida, na vyote vinaanza kupata moto bila mtu wa kuviangalia. Moshi haumwamshi aliyelala, kwa kuwa pua inalala pamoja naye. Sikio ndilo linaloamka, na kengele nzuri hutoa sauti ya desibeli 85 kwa umbali wa mita 3. Kengele inayotufaa ni ile iliyo macho katika saa hiyo hasa.

Kabla ya kununua, geuza kengele usome mgongoni. Sisi tunatumia volti 220. Kengele nyingi zinazotoka Marekani zimeandikwa 120 V. Ukiiunga hapa itaungua. Tafuta tarehe ya kutengenezwa, maana kengele ya moshi huishi miaka 10 tu kuanzia siku hiyo, hata kama ilikaa dukani ndani ya boksi. Mimi nachagua ile inayotambua moshi kwa mwanga, kwa sababu godoro au waya unaoungua polepole hutoa moshi mwingi kabla ya mwali, na aina hii huuona mapema. Na betri ya akiba iwe ya lithiamu inayojichaji, iliyofungiwa ndani. Hiyo inastahimili delestaji, wala hakuna atakayeihamisha.

Kazi ya kuunga ni ya fundi wa umeme, si ya jirani mwenye bisibisi. Azime dijonkteri, ile swichi kuu inayokata umeme wa laini, apime kwa testa, ndipo aguse. Waya wa moto utoke kabla ya swichi, na ni vizuri utoke kwenye laini ya taa mnazotumia kila siku: dijonkteri ikianguka, giza litawaambia. Kama nyumba ina inveta, kifaa kinachogeuza umeme wa betri uwe wa kutumika nyumbani, soma kwanza maelekezo ya kengele. Inveta za bei nafuu hazitoi wimbi laini kama la umeme wa kawaida, na watengenezaji wengi wanakataza kengele zao kuungwa nazo.

Weka moja katika kila chumba cha kulala, moja kwenye korido inayoelekea vyumbani, na moja katika kila ghorofa. Kaa mita 3 mbali na jiko, la sivyo kila siku ya kukaanga samaki italia mpaka mtu aing'oe kwa hasira. Zote ziwe za mtengenezaji mmoja na ziunganishwe kwa waya wa tatu unaopeleka ishara kutoka kengele moja hadi nyingine, ili moshi ukianzia sebuleni, kengele ya chumbani nayo ilie.

Kuhusu mbabula, jiko la makaa, nawasihi. Mwezi wa sita na wa saba baridi inapokaza, watu wanaingiza makala (makaa) yanayowaka ndani ili wapate joto. Makala yakishika vizuri hayatoi moshi, yanatoa hewa ya sumu isiyo na harufu wala rangi, na kengele ya moshi haiitambui kabisa. Ipo kengele nyingine ya hewa hiyo. Lakini hata ukiwa nayo, mbabula ibaki nje.

Kila mwezi bonyeza kitufe cha kujaribu. Kisha zima dijonkteri, ubonyeze tena. Wengi wanaishia jaribio la kwanza, na kwetu hilo la pili ndilo linaloonyesha kama kengele itaishi wakati wa delestaji. Kiangazi, vumbi letu jekundu huingia ndani yake na kuifanya ilie bure. Lipanguse kwa brashi laini. Mvua za kwanza zikileta kumbikumbi, angalia tena. Usiipake rangi mnapopaka dari.

Kama umeme wako umevutwa kutoka kwa jirani kwa nyaya za kuungaunga, usiunge kengele hapo. Nunua ya betri iliyofungwa ya miaka 10, na utengeneze nyaya kabla ya kufikiria ya kuungwa kwenye umeme.

Pale Bel-Air tulihamisha waya, tukaweka kengele mpya vyumbani na kwenye korido, tukazima dijonkteri na kubonyeza kitufe cha moja. Zote zikalia. Nikamwambia mama awatoe watoto nje kama vile nyumba inaungua. Walifika mlangoni upesi, wakakwama: madirisha yote yana nondo, mlango una kufuli, na ufunguo uko ndani ya mkoba wa mama, chumbani. Tukapigilia msumari kando ya mlango, kimo cha mtoto mdogo kuliko wote, ufunguo ukatundikwa hapo.