Mvua ya Ukurasa wa Nne

Nilipokuwa mwandishi tu wa vichekesho vya televisheni, niliandika "Nje. Usiku. Mvua inanyesha" bila hata kutua kalamu. Maneno manne, mhusika aingie ndani amelowa chapachapa, watu wacheke. Sasa ndimi pia meneja wa utayarishaji, na maneno yaleyale nayasoma hivi: gari la maji, mabomba ya kunyunyizia, taa za ziada, malipo ya usiku, na nguo nne zinazofanana za mtu mmoja, maana kila tukirudia lazima aanze akiwa mkavu.

Meneja akipokea mswada haanzi kwa kucheka, huuchambua. Nani yumo, wapi, mchana au usiku, kinahitajika kifaa gani. Ukurasa tunaugawa sehemu nane zilizo sawa. Sini, yaani tukio la mahali na wakati mmoja, yenye sehemu mbili tu kati ya hizo nane ni fupi kweli, ila ikiwa na mbwa inaweza kula asubuhi nzima. (Mbwa hajui saa ya chakula cha mchana cha wenzake.) Kisha sini zinapangwa kwa mahali, si kwa mtiririko wa hadithi, na hapo ndipo kichekesho kinapoumia. Mzaha wa mwisho unategemea ule wa mwanzo, ambao mwigizaji bado hajauigiza. Kwa hiyo siku hizi naandika pembeni: "hapa ameshaaibika mara mbili." Kamsaada kadogo, lakini kanaokoa saa nzima ya mabishano.

Pesa imeumba vichekesho kuliko tunavyopenda kukiri. I Love Lucy, tamthilia ya vichekesho ya televisheni iliyoanza kuonyeshwa Marekani mwaka 1951, ilirekodiwa kwa filamu, kamera tatu kwa pamoja, mbele ya watazamaji ukumbini. Kicheko kilinaswa kikiwa moto. Lakini mtindo huo unataka vyumba vichache, vyote wazi upande mmoja. Ndiyo maana familia nyingi za televisheni hukaa kwenye kochi moja zikitutazama sisi.

Halafu kuna muda. Nusu saa ya televisheni yenye matangazo ya biashara hubaki kama dakika 22 za kipindi. Lazima tukate. Siku ya kwanza ya kusoma mswada mezani huwa naweka alama kila panapotoka kicheko, kwa sababu kufikia siku ya nne wafanyakazi wameuzoea mzaha, hakuna anayecheka, na mtu atashauri uondolewe. Alama zangu ndizo ninazoziamini.

Ile mvua? Niliihamishia nyuma ya mlango: sauti ya radi, ndoo moja ya maji, na mimi mwenyewe nimechuchumaa nikimwagia mwigizaji kabla hajaingia. Kicheko kilikuwa kikubwa kuliko nilivyotarajia, kwani kila mtu alijibunia yaliyomkuta huko nje. Gari la maji tulilikodi sehemu ya mwisho ya msimu, katika harusi ya bustanini, ambako mvua ndiyo iliyokuwa kichekesho chenyewe.