Uwiano wa 3:5 ni mafungu, si pishi

Watoto wengi wa skuli ukiwauliza uwiano wa 3:5 maana yake nini watakwambia "tatu kwa tano" basi, wameishia hapo. Sawa, lakini tatu nini, tano nini? Hapo ndo hesabu za maneno zinapowashinda, na mie siwalaumu kabisa, wamekaririshwa njia kabla hawajakijua kitu chenyewe.

3:5 haikwambii idadi, inakwambia mafungu. Mmoja ana mafungu matatu, mwengine matano, na kila fungu ni sawasawa na jengine. Fungu moja lina kiasi gani? Uwiano haukwambii, hiyo ndo kazi ulopewa uitafute, na ukishalipata fungu moja tu yote yalobaki ni kuzidisha.

Msimu wa karafuu nilikaa na mtoto wa dada yangu kule Pemba, tuko uani pembeni ya jamvi, yeye na daftari lake, swali linasema: Ali na Asha wamegawana karafuu kwa uwiano wa 3:5, Asha kapata pishi 4 zaidi ya Ali, zote zilikuwa pishi ngapi? Akajumlisha 3 na 5 akapata 8, akagawa 4 kwa 8, akaniambia mjomba fungu ni nusu pishi. Sikumwambia kakosa, nikamwambia haya hebu lirudishe jibu lako kwenye swali. Ali mafungu matatu ya nusu, pishi moja na nusu, Asha mbili na nusu. Asha kamzidi Ali ngapi? "Moja." Na swali limesemaje? Kimya.

Tukachota karafuu jamvini tukapanga vichungu, vitatu vya Ali, vitano vya Asha, kila kichungu cha Ali kikabiliane na cha Asha. Vikabaki viwili vya Asha havina mwenzake. Nikamuuliza zile pishi 4 ziko wapi hapa, akaweka kidole kwenye vile viwili, na hapo hapo akasema kumbe kimoja ni pishi 2! Basi Ali 6, Asha 10, zote 16, na 10 kutoa 6 ni 4 kama swali lilivyotaka.

Kwahiyo kabla hujagusa kalamu jiulize, namba hii nilopewa ni ya mafungu yapi? Uwiano ule ule wa 3:5, ukiambiwa zote ni pishi 24 basi 24 ni ya mafungu 8, fungu ni 3, Ali ana 9 Asha 15. Ukiambiwa Ali kapata 12, hiyo ni ya mafungu yake matatu tu, fungu ni 4, Asha ana 20. Kule kujumlisha 3 na 5 ambako watoto wanakimbilia kila mara kunafaa pale tu ulipopewa jumla.

Na uwiano unakuzwa kwa kuzidisha, haukuzwi kwa kujumlisha. Watazame mafundi wanaochanganya zege la 1:2:4, yaani saruji, mchanga na kokoto, wakitia ndoo 3 za saruji mchanga unakuwa 6 na kokoto 12. Ukisema wee kwenye ile 1:2:4 ntaongeza ndoo moja moja kila kitu, umepata 2:3:5, na hilo si zege lile tena.

Mpangilio nao uangalie, "Asha kwa Ali" ni 5:3, inafata majina yalivyotajwa. Na vipimo navyo viangalie, viwe vya aina moja. Swali likisema mmoja ana vibaba 2 na mwengine pishi 3, usiandike 2:3, geuza kwanza, pishi moja ni vibaba 4 kwahiyo pishi 3 ni vibaba 12, uwiano ni 2:12, ukirahisisha 1:6.