Kuanza na hospitali unayoitamani hakukupunguzii nafasi

Kila mwaka wanafunzi wa udaktari Marekani huambiana kwamba ukianza orodha yako ya hospitali unakotaka kusomea ubingwa na ile inayogombewa sana, utakosa hata zile za chini. Si kweli. Tangu 1998 kompyuta inayowapangia mafunzo ya ubingwa hufuata utaratibu wa mchumi Alvin Roth na mwenzake Elliott Peranson, unaoanza na matakwa ya mwombaji.

Chukua binti aliyeandika hospitali ya Boston, kisha ya Cleveland. Boston ikijaa watu iliowapenda zaidi, jina lake hupelekwa Cleveland. Huko nako nafasi zikiwa zimeshashikwa, lakini hospitali hiyo, katika orodha yake ya waombaji, imempanga juu ya mmojawapo wa walioshika, huyo hutolewa na binti huingia. Hajachelewa, hajapoteza kitu.

Inaniuma mtu anapofuta chaguo la moyoni kwa hofu hiyo. Kinachoponza kweli ni orodha fupi mno.