Trento haukuwa mtaguso wa kupinga mageuzi

Lilikuwa swali la saba, na msomaji alilisoma taratibu ili kundi la pili lisije likalalamika: "Taja Mtaguso Mkuu ulioitishwa ili kupinga mageuzi katika Kanisa." Binti mmoja akanyoosha mkono, akasema Trento. Vijana wakapiga makofi, alama mbili zikaandikwa ubaoni. Nami nilipiga makofi, kwa sababu binti alijibu alichoulizwa. Kosa liko kwenye swali. Mwaka huu nimeshalisikia mara tatu: kwenye semina ya makatekista, redioni, na sasa kwenye shindano la vijana wa parokia, ambao wataondoka nalo hadi uzeeni.

Kwa ufupi, mtaguso ni mkutano wa maaskofu wenye mamlaka ya kufundisha na kutunga sheria, na ukikusanya maaskofu wa Kanisa zima chini ya Papa huitwa Mtaguso Mkuu. Trento ni mji wa kaskazini mwa Italia ya leo. Wakati ule ulikuwa ndani ya himaya ya Kaisari Karolo wa Tano, na ndiyo maana ulichaguliwa, kwani Wajerumani walitaka mtaguso ufanyike katika ardhi yao. Ulifunguliwa 13 Desemba 1545 na maaskofu wasiozidi 30, ukafungwa 4 Desemba 1563 wakiwa zaidi ya 200. Miaka 18 hiyo haikuwa ya vikao mfululizo. Walikutana kwa vipindi vitatu, na katikati kulikuwa na vita, maradhi na Papa mmoja ambaye hakutaka kabisa kuuitisha tena. Hayo yapo katika kila kitabu cha historia ya Kanisa.

Tabu yangu ni hayo maneno mawili, "kupinga mageuzi".

Hakuna aliyekuwapo Trento aliyeyatamka. Asili yake ni neno la Kijerumani, Gegenreformation (gegen ni "dhidi ya"), ambalo mwanasheria wa Göttingen, mji wa Ujerumani, Johann Stephan Pütter, alilitumia mwaka 1776, zaidi ya miaka 200 baada ya mtaguso kufungwa. Pütter alikuwa akizungumzia maeneo ya Waprotestanti yaliyorudishwa kwenye Ukatoliki kwa nguvu za watawala. Wanahistoria wakalichukua, wakalitandaza juu ya karne nzima, na mtaguso ukafunikwa humo humo. Sasa tazama lilivyoingia kwetu. Kwa Wajerumani, "Reformation" ni jina la tukio, lile lililoanza na Martin Luther, mtawa Mjerumani, mwaka 1517 na kuzaa Uprotestanti, kama sisi tunavyosema Majimaji au Mapinduzi ya Zanzibar. Tulipolifasiri, jina la tukio likageuka nomino ya kawaida. Aliyepingana na Luther akaonekana amepinga mageuzi, yoyote yale, hata ya kufagia kanisa.

Tena neno lenyewe "mageuzi" halikukaa kimya likitusubiri. Mwanzoni mwa miaka ya 1990, vyama vingi vilipokuja, Tanzania hadi chama kikajiita kwa jina hilo, NCCR-Mageuzi, na Kenya watu waliingia barabarani wakidai mageuzi. Tangu hapo, masikioni mwetu, anayepinga mageuzi ni king'ang'anizi wa kiti. Kijana akiambiwa kwamba maaskofu walikaa Trento kupinga mageuzi, picha inayomjia ni ya wazee waliojifungia na funguo mfukoni.

Neno walilolitumia maaskofu ni reformatio. Ni la Kilatini, limeungwa na re-, yaani tena au kurudi nyuma, na forma, umbo. Kukirudishia kitu umbo lake. Mtungi uliobonyea ukinyooshwa, hiyo ni reformatio. Ukiyeyushwa ukafanywa sufuria, hilo ni jambo jingine. Walutheri wa kwetu, kwa maoni yangu, walichagua vizuri kuliko sisi: wao huiita Matengenezo, na tarehe 31 Oktoba huikumbuka kwa jina hilo. Kutengeneza kwa asili ni kukiweka kitu sawa, kikatengenea. Siku hizi tunasema pia "kutengeneza meza" kwa maana ya kuiunda upya kutoka kwenye mbao, lakini fundi baiskeli bado anaishi na maana ya zamani, na hakuna anayempelekea baiskeli akitarajia kurudishiwa pikipiki.

Hata hivyo sitaki kulionea neno "mageuzi", kwa sababu lina ukoo mzuri kuliko wengi tunavyodhani. Fungua Warumi 12:2. Biblia ya Kilatini waliyoisoma maaskofu wale inasema "reformamini", kitenzi kile kile. Biblia yetu ya Kiswahili, ile ya Union, inasema: "bali mgeuzwe kwa kufanywa upya nia zenu." Mgeuzwe! Kwa hiyo geuza na reformare vilikwisha kukutana kwa Mtume Paulo. Cha kuangalia ni nani anayeambiwa ageuzwe. Paulo anasema na watu.

Hapo ndipo penye kiini cha mambo, na kuna aliyekisema wazi kabla Luther hajajulikana. Tarehe 3 Mei 1512, Mtaguso wa Tano wa Laterano ulipofunguliwa Roma, hotuba ilitolewa na Egidio wa Viterbo, mkuu wa Waaugustino, shirika ambalo Luther mwenyewe alikuwa mtawa wake. Alisema ni halali watu kugeuzwa na mambo matakatifu, si mambo matakatifu kugeuzwa na watu. Huo ndio msimamo wote wa Kikatoliki kuhusu reformatio katika sentensi moja. Kwa bahati mbaya Laterano ulihubiriwa vizuri ukatekelezwa vibaya. Ulifungwa Machi 1517, maovu mengi yakiwa palepale, na Oktoba mwaka huo huo Luther akatoa hoja zake 95. Kilio cha kutaka Kanisa litengenezwe "kichwani na viungoni", yaani kuanzia kwa Papa hadi kwa padri wa kijijini, kilikwisha kusikika kwenye Mtaguso wa Konstanz miaka 100 nyuma, 1414 hadi 1418. Kwa hiyo hata kusema kwamba Wakatoliki walianza kujirekebisha kwa kumwogopa Luther ni kusahau kalenda, ingawa nakubali bila kusita kwamba Luther ndiye aliyewafanya waharakishe.

Trento walibishana tangu mwanzo waanze na lipi. Kaisari alitaka maovu yashughulikiwe kwanza, akitumaini Waprotestanti watalainika. Papa Paulo wa Tatu alitaka mafundisho kwanza. Januari 1546 wakakubaliana yaende pamoja, na tangu hapo vikao vikawa na kapu mbili: hati za imani, na hati zenye kichwa "de reformatione", kuhusu urekebisho. Haya si maoni yangu. Neno hilo limeandikwa juu ya hati zao, kikao baada ya kikao: reformatione, reformatione. Mtaguso gani wa kupinga mageuzi huo?

Chukua siku moja tu, 13 Januari 1547. Katika kapu la kwanza walitoa fundisho la kuhesabiwa haki, yaani jinsi mtu anavyofanywa mwenye haki mbele ya Mungu, sura 16 na kanuni 33. Humo kweli wanamkabili Luther, japo kanuni hazimtaji kwa jina: "Mtu yeyote akisema hivi na hivi, na alaaniwe." Siku hiyo hiyo, kapu la pili: askofu asiyekaa jimboni kwake miezi sita mfululizo bila sababu ya haki anapoteza robo ya mapato yake ya mwaka, na akiendelea miezi sita mingine, robo nyingine. Adhabu hiyo inamhusu askofu Mkatoliki anayekula matunda ya jimbo asilolijua hata kwa sura. Na walikuwa wengi, wengine wakishika majimbo mawili matatu kama mashamba. Milano ilikaa karibu miaka 80 bila askofu mkuu anayeishi pale, mpaka Karolo Borromeo alipokuja mwaka 1565 na amri za Trento mkononi.

Kuna amri moja ambayo msomaji aliyewahi kukaa hadi mwisho wa Misa ameisikia. Baada ya komunyo, katibu wa parokia anasimama na karatasi: "Tangazo la pili. Kuna ndoa kati ya fulani na fulani. Mwenye kujua kizuizi chochote amjulishe paroko." Watu wanageuka kumtafuta bibi harusi alikokaa. Sheria ya matangazo ilitolewa na Mtaguso wa Nne wa Laterano mwaka 1215, na ilikuwa imelala. Trento, tarehe 11 Novemba 1563, katika kapu lile lile la urekebisho, wakaiamsha: mara tatu, sikukuu tatu mfululizo, wakati wa Misa. Kisha wakaongeza jambo jipya, kwamba ndoa isiyofungwa mbele ya paroko na mashahidi wawili au watatu si ndoa, na paroko aiandike kitabuni. Ugonjwa waliokuwa wakiutibu ni ndoa za siri. Mwanamume alimwoa binti wa watu mafichoni, kisha akamkana hadharani na kufunga nyingine kanisani, na binti hakuwa na pa kwenda kushtaki. Umbo la ndoa lilibaki lile lile, ridhaa ya wawili, nao wakalijengea ukuta.

Sisemi kwamba hapakuwa na upinzani. Ulikuwapo, na mwingine wa kutisha: mahakama ya Roma ya kuchunguza uzushi iliyoundwa 1542, orodha za vitabu vilivyokatazwa, watawala waliowahamisha watu kwa sababu ya imani. Hayo yana haki ya kuitwa kwa jina lake. Hubert Jedin, padri na mwanahistoria Mjerumani aliyeutumikia utafiti wa Trento maisha yake yote, alipendekeza mwaka 1946 tutumie majina mawili kwa pamoja, moja kwa kazi ya Kanisa kujirekebisha, jingine kwa kazi ya kujitetea. Kiswahili kinayaweza yote mawili: Urekebisho wa Kikatoliki kwa lile la kwanza, na kwa la pili, kukabiliana na Uprotestanti.

Basi ndugu zangu mnaoandaa maswali ya vijana, binti yule aachiwe alama zake mbili. Ila swali la saba, mkilichapa tena, liandikeni hivi: "Taja Mtaguso Mkuu ulioyakanusha mafundisho ya Luther na kutunga amri za kulirekebisha Kanisa." Jibu litabaki Trento.