Je, wajua? Gari lako huenda lina kruzi tayari, limekosa swichi tu

Ukitoka Arusha kwenda Namanga, ukishaipita Oldonyo Sambu, barabara inanyooka mpaka macho yanachoka nayo. Migunga, vumbi la mbali, ng'ombe na wachungaji wao. Baada ya nusu saa ya mwendo uleule, kifundo cha mguu wa kulia kinaanza kudai haki yake, na ndipo dereva anapoikumbuka kruzi kontroli: ile swichi ya kuliambia gari lishike themanini, halafu wewe ukatoa mguu kwenye mafuta na kuukunja.

Gari langu halikuja nayo. Ni Toyota ndogo ya petroli, mtumba wa Japani kama mengi yanayopita Mnara wa Saa kila siku. Je, kruzi inaweza kuongezwa kwenye gari lisilokuwa nayo? Inaweza. Ila kwa gari moja ni kazi ya asubuhi moja, na kwa lingine ni kazi ya siku mbili na lawama. Kinachoamua ni swali ambalo wengi hatuliulizi: kwenye gari lako, nani anafungua throto?

Throto ni kibati cha duara kilichokaa kwenye koo la injini, pale hewa inapoingilia, kikigeuka kama kipepeo. Tunasema "kanyaga mafuta", lakini kwenye gari la petroli unachofungua kwa mguu ni mlango wa hewa. Petroli inafuata nyuma kwa kipimo chake. Magari ya zamani yana kebo ya chuma kutoka kwenye pedali mpaka kwenye kibati hicho, sawasawa na kebo ya breki ya baiskeli. Mguu unavuta, kibati kinafunguka. Magari mengi yaliyotengenezwa tangu miaka ya 2000 hayana kebo hiyo. Chini ya pedali kuna sensa mbili, yaani vihisio vya mguu, zinazopeleka volti kwa kompyuta ya injini, na kompyuta ndiyo inayoiamuru mota ndogo igeuze kibati. Mguu wako unaomba, kompyuta inatekeleza.

Hapo ndipo mambo yanapogawanyika. Kwenye gari la kebo, lazima utafute mkono wa pili wa kuvuta kebo. Kwenye gari la kompyuta mkono upo tayari, umekaa siku zote. Kinachokosekana ni namna ya kuuambia uendelee kushika.

Aliyeanzisha habari hii alikuwa kipofu. Ralph Teetor, mhandisi wa Marekani aliyezaliwa mwaka 1890, alipoteza macho akiwa na miaka mitano. Inasimuliwa kwamba alikuwa akiendeshwa na mwanasheria wake, bwana mmoja ambaye akizungumza anapunguza mwendo, akisikiliza anaongeza. Sisi tunaoona tungeangalia dirishani tukasahau. Teetor aliusikia kila mshtuko mgongoni, akaenda kutengeneza kifaa cha kuushika mwendo. Hataza yake ilitoka mwaka 1950, na mwaka 1958 kampuni ya Chrysler ikaanza kuuza magari yenye kifaa hicho.

Vifaa vya kuongeza kwenye gari la kebo vina ukoo na cha Teetor. Kimoja cha kawaida ni kibakuli chenye kiwambo cha raba ndani, ukubwa wa kopo la majani ya chai, kinachofungwa karibu na injini. Injini ya petroli inapovuta hewa huku throto imefunguka kidogo, ndani ya manifodi, yaani mabomba yanayogawa hewa kwenye silinda, kunakuwa na mvuto mkali. Mpira mwembamba unauleta mvuto huo kwenye kibakuli, kiwambo kinarudi nyuma, na kijinyororo kilichofungwa hapo kinavuta throto. Ni ufundi mzuri, wenye kilema kimoja: mlima ukiwa mrefu throto inafunguka sana, na throto ikifunguka sana mvuto unapungua. Yaani kifaa kinaishiwa nguvu palepale unapokihitaji.

Shemeji yangu wa Moshi alifungiwa kibakuli cha namna hiyo kwenye pikapu yake ya gia za mkono. Nilipanda naye kutoka Bomang'ombe kwenda mjini, na kabla hatujafika Kwa Sadala nilikuwa nimemwelewa Teetor vizuri kabisa. Gari linapunguza, linapunguza, halafu linaruka mbele kama limechomwa sindano. Likishavuka mwendo linaachia, tunaanza upya. Mafundi wanasema kruzi "inawinda". Kosa halikuwa kubwa. Kijinyororo kilikuwa kimelegea, kwa hiyo kiwambo kilikuwa kinavuta hewa tupu kwanza kabla ya kuigusa throto, na kikiigusa kinakuta kimeshachelewa. Kilikazwa, kukabaki ulegevu mdogo tu wa kuiacha throto ijifunge vizuri, gari likatulia. Shemeji mpaka leo anadai halikuwa na shida.

Sasa twende kwenye gari la kompyuta, ambako ndiko kwenye uhondo. Mtengenezaji anayeuza gari moja nchi nyingi haoni faida kuandika programu tofauti kwa kila soko. Ni rahisi zaidi kuiweka kruzi ndani ya kompyuta ya injini, kisha kuamua kiwandani gari lipi lifungwe swichi na lipi lisifungwe. Ndiyo maana wenye Toyota Yaris za kuanzia mwaka 2005, ambazo hapa kwetu tunazijua zaidi kwa jina la Vitz, wengi wamefanikiwa kuongeza kruzi kwa kununua kijiti cha swichi tu. Si kila kompyuta imeachwa hivyo. Nyingine programu imefungwa au haimo kabisa, na waya wa ndani ya usukani unaweza kuwa haukuwekwa, kwa hiyo gari lako lipimwe kabla hujanunua spea.

Fundi umeme wangu ana banda lake upande wa Unga Limited. Nilimkuta ameshika kijiti cha mtumba mkononi, kimekwanguka kwenye ncha, na mita yake ameiweka juu ya boneti. Alinionyesha soketi ya nyuma: waya mbili tu. Nikamuuliza waya mbili zinawezaje kubeba amri nne, kuwasha, kuweka mwendo, kurudisha mwendo na kufuta.

"Angalia mita, bosi."

Akabonyeza ncha: mita ikasoma karibu na sifuri. Akakisukuma juu, upande wa kurudisha: omu 240 hivi, omu ikiwa kipimo cha ukinzani wa umeme. Chini, upande wa kuweka: omu 630. Akakivuta kuelekea kwake, upande wa kufuta: omu 1,540 na ushee. Ndani ya kijiti mna rezista chache, vipande vidogo vya kuuzuia umeme, za bei ya pipi. Kompyuta inapeleka volti kwenye waya mmoja, inaangalia zimeshuka kwa kiasi gani, na kutokana na hapo inajua dereva ametaka nini. Hakuna lugha nyingine baina yao.

Kazi ngumu ni kukifikisha kijiti mahali pake, kwa sababu usukani unazunguka na waya hazipendi kuzungushwa. Nyuma ya usukani kuna kisahani cha plastiki chenye utepe wa waya uliokunjwa kama konokono, mafundi wanakiita spairo. Ndicho kinachopitisha umeme wa honi na wa ebegi. Kama spairo yako haina njia ya kruzi, itabidi utafute nyingine yenye njia hiyo. Na ili uifikie, lazima ebegi itoke. Hapo sitaki utani. Ebegi ina baruti ndani. Waya hasi wa betri unatolewa kwanza, unasubiri sekunde 90 zikamilike ndipo unagusa skrubu, na usukani unakuwa umenyooka ili utepe usije ukakatika siku unapokata kona kali. Fundi akikuambia "hii dakika tano tu, betri iache", chukua funguo zako.

Baada ya hapo unawasha gari, unabonyeza ncha, na kama Mungu amejalia taa ya kijani yenye neno CRUISE inawaka kwenye dashibodi. Ilikuwemo siku zote. Miaka yote hiyo nyuma ya plastiki!

Kompyuta inajuaje mwendo? Kwa kuhesabu. Katika kipimo kilichozoeleka kwenye magari ya Kijapani, kebo ya spidomita huzunguka mara 637 kwa kilomita, na sensa iliyochukua nafasi ya kebo hutoa mara nyingi mapigo manne kwa kila mzunguko. Hiyo ni mapigo 2,548 kwa kilomita. Ukiwa kwenye 80 ni kama 57 kwa sekunde. Yakipungua, gari linazidiwa na mlima, yakizidi, linateremka. Lakini kujua hivyo hakutoshi, maana hata kibakuli cha shemeji kilikuwa kinajua. Kruzi nzuri inajiuliza mambo matatu kwa pamoja: nimepungukiwa kiasi gani sasa hivi, nimekuwa nikipungukiwa kwa muda gani, na pengo linazidi au linapungua? La kwanza linaifanya ifungue throto. La pili linaizuia isiridhike na 77 wakati umeomba 80. La tatu linaifanya ianze kuachia kabla haijafika, kama dereva mzoefu anavyotoa mguu mapema. Ukibadilisha matairi ukafunga makubwa kuliko ya kiwandani, hesabu yote inabaki safi ila inahesabu uongo, na tochi ya trafiki haitakubali utetezi huo.

Kwa magari ambayo kompyuta yake haina kruzi, kuna boksi linalofungwa kati ya pedali na kompyuta. Linaiga mguu. Kwa kuwa sensa za pedali ni mbili na zinatoa volti tofauti, kwa mfano 0.8 na 1.6 pedali ikiwa imeachwa, boksi lazima liigize zote mbili kwa uhusiano uleule. Zikipishana, kompyuta inahisi ulaghai na kulipunguzia gari nguvu kwa usalama. Boksi zuri linafanya kazi vizuri. La ovyo litakulaza Longido. Zile kruzi zinazojipima na gari la mbele sizigusi hapa, kwa sababu zinahitaji rada na mamlaka juu ya breki, na hazina maana kuongezwa kienyeji.

Watu wa safari za mbugani watauliza habari za Land Cruiser za dizeli ambazo pampu yake ya mafuta inavutwa na kebo. Hizo hazina throto ya kuzalisha mvuto kama ya petroli, kwa hiyo hufungwa mota ya umeme inayovuta mkono wa pampu. Baadhi ya zile za zamani zina nobu ya mkono kwenye dashibodi, ukiivuta injini inaongeza mzunguko, na nimewahi kumsikia dereva akiiita kruzi. Siyo. Nobu haijui mwendo, na baya zaidi, haijui breki. Ukikanyaga breki, yenyewe inaendelea kuvuta.

Kwa maoni yangu breki ndiyo inayotofautisha kruzi na mtego. Swichi ya breki ya Toyota nyingi ina njia mbili: pedali ikiguswa, moja inafunga na kuwasha taa za nyuma, nyingine inafunguka. Kompyuta inaziangalia zote, na zikitoa habari zinazopingana inaikataa kruzi. Gia za mkono zinahitaji swichi nyingine kwenye klachi, la sivyo ukikanyaga klachi injini inapiga kelele kama ya kusaga mahindi. Vifaa vingi vya kuongeza vya zamani vina tabia ya ajabu zaidi: vinatafuta ethi, yaani njia ya umeme kurudi kwenye betri, kupitia nyuzi za balbu za breki zenyewe. Balbu zote zikiungua, au ukifunga za LED, kifaa hakioni njia na kinagoma. Watu wamefungua dashibodi nzima kutafuta ubovu uliokuwa kwenye taa za nyuma.

Na mafuta je, yanapungua? Kwenye tambarare, kidogo, kwa sababu mwendo hauyumbi. Kwenye vilima kruzi inaweza hata kula zaidi, kwani inang'ang'ania 80 pale ambapo dereva mwenye busara angeliacha gari lishuke mpaka 70. Faida kubwa ni kwamba inakuzuia kupanda kimyakimya mpaka mia: upinzani wa hewa kwenye 100 ni zaidi ya mara moja na nusu ya ule wa 80. Kwenda Moshi hutaifaidi sana. Tengeru, Usa River na bodaboda wao hawatakupa nafasi. Kwenye ukuta wa bonde pale juu ya Mto wa Mbu izime kabisa, maana kruzi ya kawaida haina breki na mteremko utaizidi. Mvua ikinyesha, izime pia. Tairi likipoteza mshiko juu ya maji, hutaki mashine iwe inaongeza mafuta.

Tuliijaribu Jumapili alfajiri, barabara ya Namanga. Fundi alikataa habari za themanini kwanza. Kwenye hamsini: weka, gusa breki, angalia imeachia. Tena. Tena. Mara kumi, mpaka nikaona ananidharau. Kisha akaniruhusu. Nikashusha kijiti, gari likashika 80 na kuendelea kama linavutwa na uzi. Fundi hakuwa anaangalia spidomita, alikuwa anaangalia chini.

"Bosi, mbona mguu bado umeuning'iniza juu ya pedali?"

Nilikuja kuushusha tunakaribia Longido.