Delft kwa skuta: ingia mjini kwa kufuata maji

Wageni wengi wa Delft, mji wa Uholanzi, hushuka treni, wakaenda moja kwa moja hadi uwanja wa Markt, wakapiga picha kanisa, wakanunua kisahani cha buluu, kisha wakarudi Amsterdam. Mimi naongoza misafara ya skuta hapa. Wageni wangu wengi hutoka Afrika Mashariki, au ni ndugu zetu wanaoishi Ulaya, nami huwapitisha njia iliyo kinyume na hiyo. Tunautoka mji kwanza. Tunafuata mfereji wa Schie kuelekea kusini hadi ilipokuwa bandari, halafu tunarudi kwa njia iliyopita mizigo. Markt huja mwisho.

Sababu ni kwamba Delft haipo baharini, na bado utajiri wake mwingi uliletwa na bahari. Mtu akianzia kanisani anaona majengo mazuri bila kujua yalilipwa na nini. Na hapa ndipo skuta inapofaa kuliko miguu: kutoka mjini hadi Delfshaven, ilipokuwa bandari hiyo, ni kama kilomita 12, umbali unaomchosha mtembeaji. Kwa basi utafika, lakini maji hutayaona.

Niseme kwanza habari za barabarani, maana huko ndiko ninakowaangalia wageni kwa makini zaidi. Uholanzi ina skuta za aina mbili. Yenye kibao cha buluu haipaswi kuzidi kilomita 25 kwa saa na kwa kawaida hupita njia ya baiskeli. Yenye kibao cha njano inafika 45, nayo hupita barabarani pamoja na magari, au kwenye njia zile tu zenye alama ya baiskeli na pikipiki ndogo kwa pamoja. Tangu mwanzo wa 2023 kofia ngumu ni lazima kwa zote mbili. Msafara wangu hutumia za buluu, za umeme, kwa kuwa mwendo huo unaruhusu kutazama.

Dereva wa Dar es Salaam, Nairobi au Kampala amezoea kushika kushoto. Huku ni kulia. Kwenda mbele si taabu. Taabu ni kukata kona ya kushoto, mkono unapotaka kukupeleka upande wa nyumbani. Wenzetu wa Bujumbura, Kigali na Kongo hawana shida hiyo. Jambo la pili ni pembetatu nyeupe zilizochorwa chini kwenye makutano, ambazo Waholanzi huziita meno ya papa. Ncha zikikuelekea wewe, simama umpishe mwenzako. Pasipo na alama yoyote, anayetoka kuliani kwako ndiye mwenye haki, hata akiwa mtoto juu ya baiskeli. Baiskeli huku ni chombo cha barabarani kamili, na mwenye baiskeli hatakukwepa kwa sababu hategemei kwamba utakosea. Tunakwenda mmoja nyuma ya mwingine. Asiye na uzoefu hukaa nyuma yangu hasa, na mzoefu kuliko wote hufunga mkia.

Tunaanzia karibu na stesheni, chini ya kinu cha upepo kinachoitwa De Roos. Reli sasa inapita chini ya ardhi katika handaki lililofunguliwa mwaka 2015, na ili handaki lipite, mafundi walikiinua kinu kizima kama mita moja, wakamaliza kazi, nacho kikabaki mahali pake. Hatua chache kutoka hapo, mtaa wa Westvest, ndipo ilipo IHE Delft, taasisi ya elimu ya maji iliyoanza mwaka 1957. Wahandisi wengi wa maji wa Tanzania, Kenya na Uganda wamesomea humo. Nikiwa na mgeni aliyewahi kufanya kazi katika mamlaka ya maji huko nyumbani, mara nyingi ndiye anayeanza kuwaeleza wengine, nami namwachia.

Kituo kinachofuata ni Hooikade. Ni ukingo wa kawaida wa bandari ndogo, na asiyeambiwa hupita tu. Johannes Vermeer aliuchora mji wake akiutazama kutoka upande huu, takriban mwaka 1660. Malango mawili yaliyomo mchoroni yalibomolewa karne ya 19, lakini mnara wa kanisa la Nieuwe Kerk bado upo, na jua likitoka nyuma ya wingu unauona ukiwaka peke yake kama alivyouona yeye. Ninachowaonyesha wageni ni kwamba aliweka maji na mashua mbele, mji ukakaa nyuma. Watu wa Delft walijua lango lao la kweli liko wapi.

Kutoka hapo tunafuata Schie, na punde unakutana na Kruithuis, ghala la baruti lililozungukwa na maji. Hapa huwa nazima skuta na kukaa muda mrefu.

Tarehe 12 Oktoba 1654, asubuhi, ghala la baruti lililokuwa ndani ya mji, katika iliyokuwa nyumba ya watawa, lililipuka. Lilikuwa na pauni zipatazo 90,000 za baruti, takriban tani 40. Mtaa mzima ulifutika. Waliokufa hawakuwa chini ya mia moja. Mmoja wao ni mchoraji Carel Fabritius, mwanafunzi wa Rembrandt, aliyekuwa na umri wa miaka 32, na inaaminika kazi zake nyingi ziliteketea pamoja naye. Ule mchoro wake wa ndege mdogo aliyefungwa kwa mnyororo mwembamba aliuchora mwaka huohuo.

Baada ya msiba huo mji haukujenga tena ghala katikati ya watu. Mwaka 1660 likajengwa hili lililopo mbele yetu, kwa ramani ya Pieter Post, mbali na nyumba na maji pande zote. Nausimulia hapa, nje ya mji, kwa kusudi: ukisimama Kruithuis ukageuka kuutazama mnara wa kanisa, unaupima kwa macho umbali ambao watu wale waliuona unatosha baada ya kuzika wafu wao. Maelezo ya mdomo hayafikishi hilo.

Kuanzia hapo mashamba yanafunguka. Mgeni makini hupunguza mwendo mwenyewe na kuuliza kwa nini mfereji uko juu kuliko malisho. Ndivyo ulivyo. Ardhi hii iko chini ya usawa wa bahari. Mvua ikinyesha, maji hukusanyika katika mitaro ya mashambani, yanasukumwa juu hadi kwenye mifereji mikubwa kama Schie, kisha yanatolewa mtoni au baharini. Zamani kazi hiyo ilifanywa na vinu vya upepo. Leo ni pampu. Chombo kinachosimamia, halmashauri ya maji ya Delfland, asili yake ni mwaka 1289, na mpaka leo wananchi huipigia kura na kuilipia kodi yake. Pampu zikizimwa kwa muda mrefu, ng'ombe unaowaona watahitaji mashua.

Kisha Delfshaven. Mwaka 1389 Delft ilipata ruhusa ya kuchimba mfereji wake hadi mto Maas, ili isilipe ushuru wa kupitia bandari za wengine, na mwisho wa mfereji huo ikajenga bandari. Leo ni mtaa wa Rotterdam, tangu 1886. Mabomu ya Mei 1940 yaliyoteketeza kitovu cha Rotterdam hayakuufikia, kwa hiyo nyumba na maghala ya zamani yamesimama ukingoni hadi leo. Watalii wa Kimarekani huja kwa ajili ya Wapuritani, Wakristo waliohamia Amerika, ambao walianzia safari yao hapa mwaka 1620. Mimi nina habari nyingine ya kuwaeleza watu wangu.

Kampuni ya biashara ya Uholanzi kwa nchi za Mashariki, VOC, iliundwa mwaka 1602 ikiwa na matawi sita, na Delft ilikuwa tawi mojawapo. Pilipili, vitambaa na kauri za China zilizopitia Delfshaven zilikuwa zimevuka Bahari ya Hindi, bahari yetu. Mwaka 1607 na 1608 meli za kampuni hiyo zilishambulia ngome ya Wareno katika Kisiwa cha Msumbiji, zikashindwa mara zote mbili. Baada ya hapo ikashika Rasi ya Tumaini Jema mwaka 1652, na Rasi ilihitaji watumwa. Meli zake zikaenda kununua watu Madagaska, na kati ya 1776 na 1778 zikafika Unguja na pwani ya Waswahili kwa biashara hiyohiyo. Shajara za safari hizo zipo, zimesomwa na wanahistoria. Siwezi kumwonyesha mgeni uzuri wa ghala la karne ya 17 nikanyamaza kuhusu hili. Wapo waongozaji wanaoona linaharibu siku ya mapumziko. Wageni wangu hawajawahi kulalamika, huuliza zaidi.

Tunarudi kwa Rotterdamseweg, barabara ndefu inayoandamana na Schie, na tunasimama kwenye kiwanda cha Porceleyne Fles, kilichoanzishwa mwaka 1653. Wakati mmoja Delft ilikuwa na viwanda vya aina hiyo zaidi ya thelathini. Kati ya vile vya karne ya 17, hiki ndicho pekee kilichodumu. Utawala wa Ming ulipoanguka mwaka 1644, China iliingia vitani na kauri zikaadimika Ulaya. Wafinyanzi wa Delft wakaziba pengo. Hawakuwa na udongo wa Kichina, basi wakatumia wa kwao, wakaufunika kwa utando mweupe wenye bati, wakachora juu yake kwa rangi ya kobalti kabla ya kuchoma mara ya pili. Kobalti mbichi huonekana nyeusi. Buluu hutokea tanurini. Viwanda kadhaa vilikaa katika majengo ya pombe yaliyofungwa, kwa kuwa biashara ya bia ya Delft ilikuwa imeshuka. Kauri zilezile za China ambazo Delft iliziiga, mababu zetu walizipachika kwenye makaburi ya Kunduchi na kuta za Gedi, na huko Gedi zilifika kabla Mholanzi hajaziona. Mgeni wa Bagamoyo au Malindi anaingia dukani humo akiwa na haki ya kusema anaijua bidhaa hii.

Tunaingia mjini kupitia Oostpoort, la mwisho kati ya malango ya zamani, lililojengwa takriban mwaka 1400. Kwenye madaraja yenye mgongo, shika breki kidogo kidogo, hasa matofali yakiwa na unyevu. Baada ya hapo tunaegesha. Mji wa ndani ni wa miguu, na skuta kati ya meza za mikahawa ni kero kwa wenyeji.

Paardenmarkt, pale palipolipuka, paliachwa wazi na pakawa soko la farasi. Aliyetoka Kruithuis anauelewa uwazi huo bila kuelezwa. Kwenye mtaa wa Oude Delft tunapita jengo la VOC, namba 39, halafu makao ya kale ya halmashauri ya maji, nyumba ya mawe ya mwanzoni mwa karne ya 16 iliyonusurika moto mkubwa wa mwaka 1536. Mnara wa kanisa la Oude Kerk ng'ambo ya mfereji umeinama karibu mita mbili, kwa kuwa ardhi chini yake haikuwa imara. Ndani wamezikwa Vermeer na Antonie van Leeuwenhoek, wote wazaliwa wa Delft wa mwaka 1632. Huyu wa pili ndiye mtu wa kwanza kuona bakteria. Prinsenhof, alikouawa Willem wa Orange, kiongozi wa Waholanzi walioasi utawala wa Hispania, tarehe 10 Julai 1584, iko upande wa pili tu wa mtaa. Habari zake zimejaa katika kila kitabu cha utalii, mimi sikawii hapo.

Markt tunafika jioni. Hapo imesimama sanamu ya Hugo Grotius, mwanasheria mzaliwa wa hapa, ambaye mwaka 1609 alichapisha hoja kwamba bahari ni ya mataifa yote na Ureno haina haki ya kuifunga Bahari ya Hindi. Wakati huo Wareno walikuwa Mombasa, katika Ngome ya Yesu. Hoja hiyo aliiandika kwa manufaa ya VOC, na baadaye kampuni hiyohiyo iliwafungia wengine bahari kila ilipoweza.

Ukija, chagua siku isiyo na upepo mkali wa kusini-magharibi, maana kando ya Schie hakuna cha kuukinga. Chukua koti la mvua hata kama kumekucha jua, na waulize wakodishaji mapema kama leseni yako inakubalika. Soko la Markt ni Alhamisi. Na kama una nusu siku ya ziada, panda tramu hadi The Hague uingie makumbusho ya Mauritshuis: mchoro wa Vermeer wa mji huu na ndege wa Fabritius vyote viko humo. Nenda baada ya skuta, si kabla.