Ombi limekwama kwa hakimu? Kabla hujaenda Mahakama Kuu

Umeomba zuio, yaani amri ya kumkataza mtu kufanya jambo, na hakimu halisikizi ombi lako wala haliamui. Unaweza kumwomba jaji wa Mahakama Kuu amwelekeze hakimu aliamue, lakini anza kwa kuhesabu siku. Nchini Kenya, Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai za 2010 (Amri ya 40, kanuni ya 4) zinataka ombi la zuio lisikizwe ndani ya siku 60 tangu liwasilishwe, isipokuwa mahakama iwe na sababu nzuri ya kuongeza muda. Amri ya upande mmoja, yaani inayotolewa kabla upande wa pili haujasikizwa, hudumu siku zisizozidi 14, na huongezwa mara moja tu, kwa siku zisizozidi 14. Ile desturi ya "amri ziendelee hadi tarehe ijayo", miezi nenda miezi rudi, haimo humo. Anayeumia mara nyingi ni mdaiwa, aliyefungwa mikono kabla hajasikizwa.

Jaji wa Mahakama Kuu hupata uwezo wa kuingilia kati kwenye Ibara ya 165(6) na (7) ya Katiba: anaweza kuitisha rekodi ya mahakama ya chini na kutoa maelekezo. Uwezo huo hauzifikii mahakama za hadhi moja na yake, kama ile ya Mazingira na Ardhi.

Jaji atasema lini, si nani ashinde. Kwa hiyo usimjazie kurasa kuhusu uzito wa madai yako. Kiini cha kiapo chako, yaani maelezo ya maandishi unayoyaapia na kumpelekea jaji, ni jedwali la tarehe: siku gani, ilipangwa nini, nani aliomba kuahirisha, kwa sababu gani. Ahirisho zako mwenyewe zitaje wewe, maana upande wa pili hautazisahau. Ambatisha ombi lenyewe, kiapo cha kuthibitisha kwamba lilifikishwa, na barua uliyomwandikia hakimu msimamizi wa kituo. Barua hiyo itangulie kila kitu; wakati mwingine tatizo ni jalada lililopotea kwa makarani, na jaji hahitajiki.

Sema pia ombi limekwamia wapi. Kama halijasikizwa, omba lisikizwe na kuamuliwa ndani ya siku kadhaa, tuseme 45. Kama lilisikizwa na uamuzi ndio unaosogezwa, omba tarehe ya kuusoma.

Kuna mtego mmoja unaoniudhi kila ninapouona: wakili anaomba jalada lenyewe la kesi liitishwe. Jalada likishapanda Mahakama Kuu, hakimu hana cha kusikiza, na dawa imegeuka ugonjwa. Peleka nakala zilizothibitishwa za mwenendo wa kesi, na uombe jalada libaki lilipo.

Ukipewa amri, ichapishwe, ipigwe muhuri, kisha uipeleke mwenyewe kwenye jalada la kesi kwa hakimu siku hiyo hiyo ukiomba tarehe. Hakikisha inataja mahakama na nambari ya kesi, si jina la hakimu, kwa sababu mahakimu huhamishwa. Na iseme muda unaanza kuhesabiwa lini: siku ilipotolewa, au siku ilipofikishwa kwa hakimu. Isiposema, siku zako 45 zitaanza na ubishi mpya.